Maswali ya Wasomaji: Mama wa Orixá Anapopanda Jukwaani

Katika toleo lililopita tulichapisha aya chache kuhusu Chica Xavier, mwigizaji wa Brazili ambaye pia aliongoza nyumba ya ibada yenye asili ya Afrika. Kiongozi kama huyo huitwa mama wa orixá, na orixá ni miungu inayoheshimiwa humo. Barua zilizofuata zimetoka zaidi Arusha na Moshi, na kadhaa ni za watu wanaoandaa mchezo wa jukwaani wenye mhusika wa aina yake. Tumejibu tukiwafikiria hao: mwenye cherehani, mwenye karai, mwenye ngoma.

SWALI. Kwetu huku mchungaji au shehe akionekana kwenye tamthilia, waumini watahoji. Huyu mama aliwezaje kubeba yote mawili? — Msomaji, Njiro, Arusha

JIBU. Aliweza kwa sababu nyumba hizi haziendeshwi kama dayosisi. Kila terreiro, yaani nyumba ya ibada pamoja na uwanja wake, inajitegemea. Hakuna askofu wa kumpangia mama kituo, wala hazina kuu ya kumlipa mshahara. Ndiyo maana viongozi wengi wamekuwa na kazi nyingine ya kuwapa riziki: kushona, kuuza vyakula, kufundisha. Kazi ya Chica Xavier ilikuwa kuigiza. Tena mama akiwa kazini nyumba haifungwi. Yupo mama mdogo, mãe-pequena, anayeshika nafasi yake. Wapo wapiga ngoma, wapishi na wasaidizi, kila mmoja na wajibu wake.

Jina lake kamili lilikuwa Francisca Xavier Queiroz de Jesus. Alizaliwa Salvador, mji mkuu wa jimbo la Bahia, mwaka 1932, akahamia Rio de Janeiro mwaka 1953 kusomea maigizo. Tarehe 25 Septemba 1956 alipanda jukwaa la Theatro Municipal katika Orfeu da Conceição, mchezo wa Vinicius de Moraes uliokuwa na muziki wa Antônio Carlos Jobim na mandhari ya jukwaa iliyobuniwa na Oscar Niemeyer. Alicheza Dama Negra, mhusika anayewakilisha Mauti. Ili kupima uzito wa usiku ule, kumbuka kwamba miaka michache tu nyuma nafasi nzito za watu weusi katika michezo ya Brazili zilichezwa na Wazungu waliojipaka weusi usoni. Abdias do Nascimento alianzisha Teatro Experimental do Negro mwaka 1944 kupambana na desturi hiyo, na yeye mwenyewe alikuwa miongoni mwa waigizaji wa Orfeu.

Baadaye televisheni ikamfikisha majumbani. Alikuwa Bá katika Sinhá Moça mwaka 1986 na Inácia katika Renascer mwaka 1993. Ila kwa swali lako kazi yenye maana zaidi ni ya mwaka 1985, Tenda dos Milagres, alipocheza Magé Bassã, mama wa orixá. Hapo ndipo wengi hudhani alikuwa anajiigiza. La hasha. Magé Bassã ni mama wa Bahia ya zamani, wa Candomblé, dini ya Brazili yenye asili ya Afrika. Nyumba ya Chica Xavier mwenyewe, Irmandade do Cercado do Boiadeiro huko Sepetiba, magharibi mwa Rio, ilikuwa ya Umbanda, dini nyingine ya Brazili tutakayoieleza hapo chini. Nyimbo, mavazi na namna ya kuhudumu katika dini hizo mbili si kitu kimoja. Mama halisi alilazimika kumwigiza mama mwingine, kama mwalimu wa Kilimanjaro anayeigiza mwalimu wa Pemba. Hilo tunaomba mlishike katika majibu yote yanayofuata: kuwa wa imani fulani hakumwondolei mwigizaji kazi ya kuigiza, na kuigiza hakukuwa ibada.

Alifariki Rio tarehe 8 Agosti 2020. Mumewe, Clementino Kelé, alikuwa mwigizaji pia. Na kama neno Boiadeiro limekupita, maana yake ni mchunga ng'ombe. Katika Umbanda ni roho ya mchungaji mwenye kofia ya ngozi na kamba ya kunasia ng'ombe. Hapa Arusha, penye wachungaji pande zote, nadhani sura hiyo haihitaji maelezo marefu.

SWALI. Tuseme ukweli, huyo si mganga wa kienyeji tu aliyepewa jina la heshima? — Msomaji, Kibosho

JIBU. Hapana, na tofauti yake inaonekana wazi ukitazama nani yuko nyumbani kwake. Mganga ana wateja, wakipona wanaondoka. Mama wa orixá ana watoto, na ndivyo wanavyoitwa, filhos de santo, watoto wa kiroho. Atawalea, atawafunda na kuwapangia zamu za kufagia na kupika kwa miaka mingi. Ni kweli kwamba mama wa Candomblé pia huwapigia ramli kwa kauri watu wa nje wanaokuja na shida zao. Lakini hilo ni pembe moja ya kazi yake.

Njia ya kufika hapo ni ndefu. Katika Candomblé ya Ketu, ile yenye asili ya Wayoruba, anayeingia hukaa ndani faraghani, kwa kawaida siku 21, na kutoka hapo anaitwa iaô. Kuna wajibu wa mwaka wa 1, wa 3 na wa 7. Akitimiza ule wa 7 anakuwa ebomi, ndugu mkubwa, na hata hapo si kila ebomi anaruhusiwa kufungua nyumba yake. Cheo cha mama mwenyewe, iyalorixá, kimetokana na maneno ya Kiyoruba: iya, mama, na orisha.

Umbanda ni tawi changa zaidi. Mapokeo yake yanataja tarehe 15 Novemba 1908, karibu na Rio, na kijana Zélio de Moraes. Imechanganya orixá, watakatifu wa Kikatoliki, mafundisho ya Wazungu wanaoamini kuzungumza na roho za wafu, na roho za wazee watumwa na Wahindi Wekundu. Neno lenyewe ni la Kibantu: kwa Kimbundu cha Angola umbanda ni ufundi wa kutibu, na mtibabu ni kimbanda. Kwa hiyo, ndugu yetu, pua yako haikukosea kabisa kunusa uganga katika jina. Kosa ni kuishia kwenye jina.

Kuna sababu nyingine ya kuwaomba muwe waangalifu na lugha. Sheria ya makosa ya jinai ya Brazili ya mwaka 1890 ilikataza kuita roho za wafu na "uchawi", na kwa kisingizio hicho polisi walivamia nyumba, wakabeba ngoma, mavazi na vyombo vya ibada. Vitu 519 vilivyokamatwa Rio vilikaa mikononi mwa polisi hadi mwaka 2020, vilipohamishiwa Museu da República. Katika Bahia, nyumba za Candomblé zilitakiwa kuwa na kibali cha polisi hadi Januari 1976. Mwaka 2000 mama mmoja wa Salvador, Mãe Gilda, alifariki kwa moyo baada ya gazeti la kanisa moja kuchapisha picha yake ikimhusisha na utapeli na nyumba yake kushambuliwa. Siku aliyofariki, 21 Januari, tangu mwaka 2007 ni siku ya kitaifa ya kupinga chuki za kidini nchini humo. Mchezo wenu ukimwita mama "mchawi" ili watu wacheke, mnarudia neno lililotumiwa kuvunja milango ya watu.

SWALI. Nasimamia kikundi cha vijana. Mchezo wetu una dakika 40 na kilele chake ni mama kupandwa na roho. Mazoezini kila mara inakuwa vurugu: mwigizaji anatetemeka, wenzake wanacheka, mmoja alikataa kabisa kurudi. Tufanyeje? — Mwalimu wa sanaa, Moshi

JIBU. Mwalimu, ondoa kutetemeka. Kosa liko kwenye mpango wa onyesho, vijana wako hawana hatia.

Watazamaji wa Moshi na Arusha wameshawahi kuona mtu akianguka kwenye mikutano ya maombezi. Wanajua maana yake: pepo limeguswa, linakemewa litoke. Ukiwaonyesha mwili uleule ukianguka vilevile, watausoma hivyohivyo, hata uandike maelezo gani kwenye kipeperushi. Ndani ya terreiro maana ni kinyume. Orixá anayekuja ni mgeni wa heshima. Anapokewa, anavishwa, anachezewa ngoma, kisha anaagwa. Hakuna anayemkemea.

Na mwendo wa sherehe yenyewe unakupa ufumbuzi. Katika Candomblé, orixá akishafika, watoto wa nyumba waliofikiwa hupelekwa ndani, wanavishwa mavazi ya orixá wao, kisha wanarudi uwanjani kucheza. Fuata mpangilio huo. Ngoma ibadilike. Mwigizaji asimame, afumbe macho, mabega yashuke kidogo. Sekunde tano zinatosha. Ekedi, mwanamke ambaye yeye hapandwi na kazi yake ni kumhudumia orixá, amfute jasho kwa taulo jeupe, amvue viatu na hereni, ampeleke nyuma ya pazia. Ngoma ziendelee peke yake kwa dakika moja nzima. Usiogope jukwaa tupu. Kisha arudi mchezaji mwingine, si yuleyule, akiwa amevaa mavazi ya orixá na taji lenye nyuzi za shanga zinazofunika uso. Mtazamaji ataelewa kwamba aliyerudi si aliyetoka, na hakuna kijana wako aliyelazimika kufanya kitu kinachomtisha.

Kufunda kwa iaô, kunyolewa na yale ya chumba cha ndani yaacheni kabisa. Ni siri ya nyumba, na ukiyabuni utakuwa umedanganya. Kauri mnaweza kuzionyesha. Zinatumika 16, migongo ikiwa imesagwa hadi tundu. Hurushwa juu ya ungo au kitambaa cheupe, na mama huhesabu zilizolala wazi na zilizofumba. Mwigizaji arushe mara moja, atazame kimya, aseme neno moja kwa mteja. Akianza kutaja majina ya alama asizozijua, mjuzi yeyote ukumbini atatahayari. Tena kauri zina habari yetu ndani yake: katika karne ya 19 wafanyabiashara wa Hamburg walisomba kauri kutoka Zanzibar kwa shehena kubwa na kuziuza pwani ya Afrika Magharibi, zilikotumika kama fedha.

Jambo la mwisho kwako, na hili ndilo litakaloinua mchezo kuliko yote: salamu. Mtoto wa nyumba haingii na "habari za leo". Anaomba baraka. Nyumba ya Ketu: "Motumbá", na mama anajibu "Motumbá axé". Nyumba ya Angola, yenye asili ya Wabantu: "Mukuiu", jibu "Mukuiu no Nzambi". Nyumba ya Jeje, yenye asili ya Dahomey: "Kolofé", jibu "Kolofé lorun". Katika Umbanda huombwa tu kwa Kireno, "A bênção, mãe". Vijana wako wamekua na shikamoo na marahaba midomoni, kwa hiyo uzito wake wataushika mara moja: mdogo anaanza, mkubwa hapitwi, asiyeamkia ametangaza ugomvi. Mkono wa mama hubusiwa, naye anaubusu wa mtoto. Chagua nyumba moja ubaki nayo. Mchezo unaoanza na Motumbá na kumaliza na Mukuiu ni kama sala iliyoanza msikitini ikamalizikia kanisani.

SWALI. Nimepewa kazi ya kushona gauni la mama huyo. Nimeona picha, sketi imesimama kama mwavuli. Ni waya? Na kitambaa mita ngapi? — Fundi cherehani, Ngarenaro, Arusha

JIBU. Hakuna waya, fundi. Ni marinda na wanga.

Nunua popolini nyeupe ya pamba, upana sentimita 150. Sketi ina matabaka matatu. Kata vipande vya urefu wa sentimita 35 kwa upana wote wa kitambaa: kimoja cha tabaka la juu, viwili vya katikati, vitatu vya chini. Hivyo ni vipande 6, yaani sentimita 210. Chukua mita 2 na nusu, ukaloweke na kukausha kwanza kwa sababu pamba hunywea. Unga vya katikati upate mita 3, vya chini mita 4 na nusu. Kusanya marinda ya tabaka la chini hadi lilingane na la katikati, la katikati hadi lilingane na la juu, na la juu ulikusanye kwenye mkanda wa kiuno wenye kamba za kufunga. Baada ya mishono utapata urefu wa karibu sentimita 92 kutoka kiunoni. Mwigizaji mrefu, ongeza kwenye tabaka la chini tu. Ukirefusha la juu sketi italala kwenye nyonga na umbo litapotea.

Kinachosimamisha sketi ni magaguro ya ndani, mawili au matatu, yaliyokatwa vilevile ila mafupi kwa sentimita 3 ili yasichungulie. Hayo ndiyo yanayotiwa wanga. Koroga vijiko vikubwa 3 vya wanga wa muhogo katika glasi ya maji baridi, mimina taratibu kwenye lita 2 za maji yanayochemka huku ukikoroga, dakika mbili hadi uji uwe wa kupenya mwanga. Chuja, acha upoe hadi uvuguvugu, tumbukiza gaguro, kamua, anika. Lipigwe pasi likiwa bado na unyevu. Wanga ukiingia moja kwa moja kwenye maji moto unafanya madonge, na madonge yanaacha mabaka yanayopasuka chini ya pasi. Magaguro yakishatiwa wanga yasikunjwe sandukuni msimu wa masika, maana wanga ni chakula cha ukungu. Yatundike.

Satini usiikubali hata wakikushinikiza. Haishiki wanga, na chini ya taa inang'aa kama gauni la bibi arusi. Blauzi ndiyo sehemu ya kujivunia: katika nyumba kubwa huwa na darizi za kutoboatoboa zinazochukua miezi. Njia ya mkato ni mitumba. Pita Kiborloni ukipata nafasi ya kushuka Moshi, tafuta vitambaa vya meza vya pamba vyenye darizi hizo, viwili vinatosha mabega na kifua.

Kilemba ni kitambaa cha sentimita 40 kwa mita 2 na nusu. Kuna nguo nyingine ya mstatili, pano da costa, karibu mita 2 kwa sentimita 60. Kanga ingeonekana kufaa, lakini isitumike: watazamaji wetu watasoma jina la kanga na kutafuta nani anapigwa kijembe. Tumia kitambaa cha mistari kisicho na maandishi. Na hapa ndipo vikundi vingi huharibu, kwa sababu nguo hizi ni vyeo. Iaô hufunga pano da costa kifuani, hutembea peku, shanga zake ni nyepesi. Mkubwa huifunga kiunoni au kuitupia begani, anavaa viatu na ile blauzi pana ya juu iitwayo bata. Ukimvika mtoto bata na mama ukamwacha peku, umepindua nani anamwamuru nani. Hayo ni ya Candomblé. Mama wa Umbanda kwa kawaida huvaa meupe mepesi zaidi, na kama mhusika wenu ni wa Umbanda utakuwa umeokoa pesa nyingi.

SWALI. Niliambiwa akina mama wa Bahia wanauza bagia za kunde. Ni hizi zetu? Nataka kuziuza mlangoni siku ya onyesho. — Mama lishe, Kilombero, Arusha

JIBU. Mama, ni ndugu zake wa damu. Zinaitwa acarajé, kutokana na Kiyoruba: àkàrà ni hiyo bagia, na je ni kula. Ni chakula cha Iansã, orixá wa upepo na radi, na ufundi wa wauzaji wake ulisajiliwa kama urithi wa taifa la Brazili mwaka 2005. Tofauti kubwa na zetu ni tatu: maganda yote yanatolewa, unga unapigwa hadi uumuke kwa hewa tu, na mafuta ni mawese mekundu.

Kunde nyeupe zenye jicho jeusi, nusu kilo. Ziparaze kwanza kwenye mashine zipasuke, loweka saa 3 hadi 4, sugua kwa viganja, mwaga maganda yanayoelea. Rudia hadi maji yawe safi. Ganda likibaki linaleta uchungu na bagia inakuwa nzito. Chuja vizuri. Saga laini kwa maji machache mno, vijiko viwili vitatu tu vya kusaidia mashine. Ongeza kitunguu kikubwa 1 kilichosagwa na vijiko vidogo 2 vya chumvi, lakini dakika ya mwisho, kwa sababu vyote viwili hutoa maji. Kisha upige kwa mwiko dakika 10 hadi 15, kwa nguvu, ukiinua kutoka chini. Utaona rangi inafunguka kuwa nyeupe na ujazo unaongezeka. Usitie ngano wala hamira. Ukiona unahitaji ngano ili ushikane, ulizidisha maji, na bagia ya namna hiyo itakunywa mafuta kama sifongo.

Mawese lita 1 kwenye karai lenye kina, pamoja na kitunguu kidogo kizima. Akina mama wa Bahia hukiacha humo ili mafuta yasiungue haraka. Tone la unga lipande juu mara moja bila kuwa jeusi. Chota kwa kijiko cha mti, laza kwa kingine, dakika 3 hadi 4 kila upande. Nusu kilo itakupa bagia kubwa 12 hadi 15. Moto ukizidi, nje inaungua na ndani unabaki ubichi, na kunde mbichi hazisamehe tumbo. Mawese ya Kigoma yanafaa kabisa. Mwezi wa Juni na Julai yatakuganda kwenye dumu kwa baridi ya Arusha. Hayajaharibika, weka dumu juani.

Za kuuza hupasuliwa na kujazwa pilipili, kamba wakavu na vatapá, uji mzito wa mkate, tui la nazi, karanga, korosho, tangawizi na mawese. Za ibada hazijazwi hivyo. Kwa hiyo waambie wateja unauza acarajé. Usiwaambie unauza sadaka. Unga huohuo ukitiwa mawese kidogo na kufungwa kwenye jani la mgomba ukapikwa kwa mvuke unaitwa abará. Weka dakika 50, maana Arusha iko karibu mita 1,400 juu ya bahari na maji yetu huchemka kwenye nyuzi 95 hivi.

SWALI. Tuna ngoma tatu za kukodi. Zinatosha? Na tupige mdundo gani? — Mpiga ngoma, Majengo, Moshi

JIBU. Tatu ndiyo hesabu yenyewe. Kubwa ni rum, ya kati rumpi, ndogo lé, pamoja na kengele ya chuma, gã au agogô. Lakini kabla ya kugawana, geuzeni mazoea: ndogo na ya kati ndizo zinazoshikilia mdundo bila kubadilika, na kubwa ndiyo inayozungumza. Rum inamfuata mchezaji mguu kwa mguu. Kikundi kikimpa kijana mgeni ngoma kubwa kwa kuwa "inapiga polepole", mchezo unakufa hapo. Mpe fundi wenu.

Kengele ianze peke yake. Hesabuni 12, gongeni ya 1, 3, 5, 6, 8, 10 na 12. Ni mapigo 7, na mtego uko pale 5 na 6 zinapofuatana, tena pale 12 inaporudi kuungana na 1. Wengi huisawazisha ili iendane na mguu wa bendi, na ikishasawazishwa si yenyewe tena. Tembeeni chumbani mkihatua kwenye 1, 4, 7 na 10 huku mkigonga. Siku mbili za hivyo zitawasaidia kuliko wiki ya kukaa kwenye viti.

Nyumba za Ketu hupiga kwa fimbo nyembamba ziitwazo aguidavi, isipokuwa baadhi ya midundo kama ijexá, mdundo wa orixá Oxum, unaopigwa kwa viganja. Nyumba za Angola hupiga zote kwa viganja, na ngoma zao wanaziita ngoma. Ndiyo, neno letu hilohilo, limevuka Atlantiki na bado liko hai. Ijexá ni mpole na haichoshi mikono, tunaipendekeza, ila kengele yake ni nyingine, si ile ya hesabu 12. Adarrum iacheni: ni mdundo wa haraka wa kuwaita orixá, hauna kazi kwenye onyesho. Ngoma za ndani ya terreiro zimewekwa wakfu na haziazimwi kwa burudani, kwa hiyo za kukodi ndizo hasa zinazostahili.

SWALI. Tunatamkaje majina haya? — Mwanafunzi, Usa River

JIBU. Herufi x hapa ni sh: Oxum ni Oshun, Xangô ni Shango, axé ni ashe, orixá ni orisha. Ch pia ni sh, kwa hiyo Chica ni Shika, na Xavier ni Shavie. Rr hutoka kooni kama h nzito. Exu ni Eshu, mjumbe na mwenye njia panda; wamisionari walimwita shetani, na mkimtafsiri hivyo mtakuwa mmeharibu mchezo kwa neno moja.

SWALI. Onyesho letu ni Ijumaa usiku. Mhusika anavaa nyekundu ya Iansã na kuna tukio anakaanga acarajé. Kuna tatizo? — Mwandishi wa mchezo, Sakina, Arusha

JIBU. Siku ya onyesho haina tatizo. Siku iliyo ndani ya hadithi ndiyo inayo. Kama mazungumzo yanataja Ijumaa, mama huyo angekuwa amevaa nyeupe tupu, kwa sababu Ijumaa ni ya orixá aitwaye Oxalá, na Oxalá hapikiwi kwa mawese wala chumvi. Nyumba nzima siku hiyo huyaweka mawese kando. Badilisha neno moja: iwe Jumatano, siku ya Xangô na Iansã, na nyekundu, moto na karai vyote vitakaa mahali pake. Kama unahitaji Ijumaa kwa sababu ya njama ya hadithi, mvike nyeupe, muache apike mahindi meupe ya kuchemsha yasiyo na chumvi, na lile tukio la kukaanga lihamie siku nyingine.